Kanuni ya Unyayo na Uwakilishi wa Otomofiki: Maelezo kwa Wanaisimu

1. Utangulizi

Mwezi Machi 1940, akiwa mahabusu katika gereza la mji wa Rouen, mwanahisabati Mfaransa André Weil alimwandikia dada yake, mwanafalsafa Simone Weil, barua ndefu ya kumweleza kazi aliyokuwa akiifanya. Aliifananisha kazi hiyo na ya mtu anayejaribu kusoma maandishi yaliyoandikwa kwa lugha tatu, ambayo kila safu yake imebakia vipande vipande. Safu ya kwanza ilikuwa nadharia ya namba; ya pili, nadharia ya fankisheni zinazojengwa juu ya mikusanyo ya namba yenye kikomo; ya tatu, jiometria ya nyuso zilizopinda. Jambo lililofutika katika safu moja huenda likasomeka katika nyingine, mradi msomaji ajue neno gani la safu hii linalingana na neno gani la safu ile.

Miaka 27 baadaye, Januari 1967, Weil huyo huyo alipokea barua ya kurasa 17 kutoka kwa kijana wa Kikanada aliyeitwa Robert Langlands. Ndani yake mlikuwa na makisio mazito: kwamba yapo mapatano ya kudumu baina ya ulimwengu wa milinganyo ya namba nzima na ulimwengu mwingine ulioonekana kuwa mbali nao kabisa, yaani ule wa fankisheni zinazojirudia na mitetemo yake. Kutokana na barua hiyo ulikua mpango wa utafiti ambao umewashughulisha wanahisabati kwa zaidi ya nusu karne, na ambao ulimpatia Langlands Tuzo ya Abel mwaka 2018. Mpango huo, kwa ufupi, ni utungaji wa kamusi.

Makala haya yana makusudi mawili. La kwanza ni kueleza kwa Kiswahili namna kamusi hiyo inavyotungwa, na hasa chombo kikuu kinachotumika kuitunga, ambacho hapa kitaitwa Kanuni ya Unyayo. La pili linatokana na la kwanza. Imezoeleka kusemwa kuwa lugha zetu haziwezi kubeba hisabati ya juu kwa sababu hazina istilahi. Hoja itakayotetewa ni kwamba mpangilio wa usemi huo umegeuzwa kichwa chini: istilahi hufuata maelezo, wala maelezo hayaingoji istilahi. Dhana ikishaelezwa kwa kazi inayoifanya, neno lake mara nyingi hujitokeza lenyewe.

2. Swali la namba tasa

Namba tasa ni ile isiyogawanyika ila kwa moja na kwa namba yenyewe, kama 2, 3, 5, 7, 11 na 13. Maswali mengi ya nadharia ya namba huwa na sura moja: huchukuliwa mlinganyo, kisha kwa kila namba tasa huulizwa kama mlinganyo huo una jawabu katika hesabu ya baki. Hesabu ya baki ni ile tuitumiayo kila siku tusomapo saa: saa kumi ikiongezwa saa nne haiwi saa kumi na nne, bali saa mbili, kwa kuwa kila tufikapo kumi na mbili huanza upya. Hapa mahali pa kumi na mbili huwekwa namba tasa iliyochaguliwa.

Tuchukue mlinganyo x² + 1 = 0. Kwa namba tasa 5, jawabu lipo: 2 mara 2 ni 4, ukiongeza 1 ni 5, na baki yake ni sifuri. Kwa 13, namba 5 yafaa, kwani 25 na 1 ni 26, ambayo ni 13 mara mbili. Kwa 17, namba 4 yafaa. Lakini kwa 3, 7, 11 na 19, hata ukijaribu namba zote hupati jawabu. Ukiacha 2, sheria ni hii: namba tasa ambayo ikigawanywa kwa 4 hubakisha 1 huukubali mlinganyo, na ile inayobakisha 3 huukataa. Katika kitabu chake cha mwaka 1801, Disquisitiones Arithmeticae, Carl Friedrich Gauss alithibitisha sheria ya namna hii kwa milinganyo yote ya kipeo cha pili. Uzuri wa sheria hiyo ni kuwa maswali yasiyo na kikomo hujibiwa kwa kutazama baki moja tu.

Sasa tuchukue mlinganyo mgumu kidogo: y² + y = x³ − x². Kwa kila namba tasa tuhesabu jozi za x na y zinazoutimiza katika hesabu ya baki. Msomaji anaweza kuhakikisha kwa kalamu yake kuwa kwa 2 jozi ni 4. Kwa 3 ni 4. Kwa 5 ni 4. Na kwa 7 ni 9. Tukitoa idadi ya jozi kutoka kwa namba tasa yenyewe, tunapata tofauti hizi kwa mfuatano: −2, −1, 1, −2. Je, kuna sheria inayotawala tofauti hizo? Hakuna sheria ya baki kama ile ya Gauss. Sheria ipo, lakini imejificha mahali pengine kabisa.

Tuandike zao lisilo na mwisho. Tuanze na q, tuizidishe kwa mraba wa (1 − q), kwa mraba wa (1 − q²), kwa mraba wa (1 − q³), na kuendelea hivyo bila kikomo. Kisha tuzidishe tena kwa mraba wa (1 − q¹¹), wa (1 − q²²), wa (1 − q³³), na kuendelea. Tukifungua mabano, tunapata:

q − 2q² − q³ + 2q⁴ + q⁵ + 2q⁶ − 2q⁷ …

Tutazame namba zilizotangulia q², q³, q⁵ na q⁷. Ni −2, −1, 1 na −2. Ni zile zile. Wala hili si jambo la bahati: Martin Eichler alithibitisha mwaka 1954 kuwa mapatano haya yanashika kwa namba tasa zote, isipokuwa 11 ambayo huhitaji maelezo yake ya pekee. Mlinganyo haukutaja zao, na zao halikutaja mlinganyo. Hata hivyo yanasema jambo moja. Kazi ya nadharia ni kueleza kwa nini.

3. Unyayo wa jedwali

Kabla ya kuendelea, inafaa kueleza dhana ndogo ambayo jengo zima limesimama juu yake. Tuchukue jedwali la namba lenye safu mbili za mlalo: ya juu ina 2 na 1, ya chini ina 1 na 2. Jedwali hili ni amri ya kugeuza: jozi (x, y) huifanya kuwa (2x + y, x + 2y). Tujumlishe namba zilizo katika mshazari unaotoka pembe ya juu kushoto hadi pembe ya chini kulia: 2 na 2, jumla 4. Jumla hiyo ndiyo itakayoitwa unyayo wa jedwali.

Jumla hiyo inaweza kupatikana kwa njia nyingine isiyofanana na ya kwanza. Jozi (1, 1) ikipitishwa katika jedwali hutoka ikiwa (3, 3), yaani haikubadili mwelekeo wake ila imezidishwa kwa 3. Jozi (1, −1) hutoka kama ilivyoingia, yaani imezidishwa kwa 1. Hivi ndivyo vizidishi viwili vya jedwali, na 3 na 1 jumla yake ni 4. Kwa hiyo mtu anayejumlisha mshazari, bila kujua lolote kuhusu mielekeo, hupata namba ile ile anayopata mtu anayejumlisha vizidishi bila kuliona jedwali.

Zaidi ya hayo, mtu mwingine akichagua mihimili tofauti ya kupimia, ataandika jedwali tofauti kwa mgeuzo huo huo. Akitumia mielekeo miwili iliyotajwa kuwa mihimili yake, jedwali lake litakuwa na 3 na 0 juu, 0 na 1 chini. Majedwali hayafanani, lakini unyayo ni 4 vilevile. Msasi hahitaji kumwona mnyama ili amtambue. Nyayo zinamtosha, nazo hazibadiliki kwa sababu msasi ametokea upande mwingine wa pori.

4. Uwakilishi na fankisheni za otomofiki

Kundi, katika hisabati, ni mkusanyo wa migeuzo ambayo yaweza kufuatanishwa na kutenguliwa. Mizunguko minne ya mraba ni kundi: kutozungusha, robo mzunguko, nusu, na robo tatu. Kila mmoja wa mizunguko hiyo waweza kuandikwa kwa jedwali. Robo mzunguko huigeuza (x, y) kuwa (−y, x), na unyayo wake ni 0. Nusu mzunguko una unyayo −2. Na kutozungusha kuna unyayo 2. Kuliandika kundi kwa majedwali namna hii, bila kuvunja mfuatano wake, ndiko kunakoitwa uwakilishi. Nadharia ya nyayo za uwakilishi ilianzishwa na Mjerumani Georg Frobenius mwaka 1896.

Migeuzo iliyo sawa, ila imetazamwa kutoka pande tofauti za kundi, huwekwa pamoja katika fungu moja. Kwa kuwa fungu hilo hufafanuliwa kwa tabia ya pamoja wala si kwa sura ya mmoja mmoja, laweza kuitwa ngeli bila ya kuiharibu maana ambayo wanaisimu wamelizoelea neno hilo. Migeuzo yote ya ngeli moja ina unyayo mmoja.

Makundi ya namna mbili yanahusika katika habari hii. La kwanza ni la Évariste Galois, Mfaransa aliyefariki mwaka 1832 akiwa na umri wa miaka 20, ambaye aliona kuwa majawabu ya mlinganyo yana kundi la migeuzo inayoyabadilishana mahali bila ya kuvunja uhusiano wake. Kila namba tasa, isipokuwa chache, huteua ndani ya kundi la Galois ngeli moja inayoitwa kwa jina la Frobenius. Sasa zile tofauti za awali, yaani −2, −1, 1 na −2, zinapata maana: ni nyayo za ngeli za Frobenius katika uwakilishi unaotokana na mlinganyo y² + y = x³ − x². Mlinganyo haukanyagi njia bila kuacha alama kwa kila namba tasa.

Kundi la pili ni la migeuzo ya anga. Wanafunzi wa sekondari wanaifahamu fankisheni ya saini, ambayo hujirudia kila mzunguko mmoja ukamilikapo. Katika miaka ya 1880 Henri Poincaré alichunguza fankisheni zenye kujirudia kwa namna iliyo tata zaidi: zinakaa juu ya nusu ya bapa, na hubaki zilivyo, au hubadilika kwa kadiri inayojulikana, zinapopitishwa katika kundi lisilo na kikomo la migeuzo. Felix Klein aliziita kwa jina lenye mizizi ya Kigiriki, auto, yaani mwenyewe, na morphē, yaani umbo; kwa Kiswahili zaweza kuitwa fankisheni za otomofiki. Lile zao lisilo na mwisho la sehemu ya pili ni mojawapo.

Fankisheni zote za namna hiyo zikikusanywa pamoja hufanya mkusanyo mkubwa mno. Kama vile sauti ya taarabu inavyoweza kuchambuliwa hadi zikapatikana sauti za chombo kimoja kimoja, mkusanyo huo nao huchambuliwa hadi zipatikane sehemu ambazo haziwezi kugawanywa zaidi. Kila sehemu ya mwisho kama hiyo huitwa uwakilishi wa otomofiki. Kila uwakilishi wa otomofiki una namba yake kwa kila namba tasa, nazo ni vizidishi vya migeuzo iliyochunguzwa na Erich Hecke katika miaka ya 1930.

Makisio ya Langlands yanaweza sasa kusemwa kwa sentensi moja: kila uwakilishi wa kundi la Galois una mwenziwe miongoni mwa uwakilishi wa otomofiki, na nyayo za wa kwanza ni sawa na vizidishi vya wa pili kwa kila namba tasa, ila chache.

5. Kanuni ya Unyayo

Kuitunga kamusi ya namna hiyo si kazi rahisi, kwa sababu moja kubwa: uwakilishi wa otomofiki hauonekani. Inajulikana kuwa upo, tena kwa wingi usio na kikomo, lakini ni machache tu yanayoweza kuandikwa kwa mkono kama lile zao letu. Mtungaji wa kamusi anatakiwa kulinganisha maneno ambayo hajayasikia.

Ufumbuzi ulitokana na Mnorwe Atle Selberg, aliyekuwa akifanya kazi Princeton, Marekani. Katika makala yake iliyochapishwa mwaka 1956 katika jarida la Chama cha Wanahisabati wa India, Selberg alichukua wazo la sehemu ya tatu ya makala haya na kulipeleka mahali ambapo jedwali lina safu zisizo na kikomo. Huko kujumlisha mshazari huwa ni kukusanya thamani za fankisheni juu ya anga nzima. Mkusanyo huo ukipangwa vizuri, hugawanyika kwa ngeli za kundi: kila ngeli huchangia kiasi chake. Huu ndio upande wa jiometria. Kwa upande mwingine, jumla ya vizidishi hugawanyika kwa uwakilishi wa otomofiki: kila mmoja huchangia kiasi chake. Huu ndio upande wa mitetemo. Kwa kuwa pande zote mbili ni unyayo wa mgeuzo mmoja, lazima ziwe sawa.

Mfano wa ngoma unaweza kusaidia. Fundi mmoja amepima njia zote za kuuzunguka uso fulani uliopinda, zile zinazoanza mahali na kurudi hapo hapo, akaandika urefu wa kila moja. Fundi wa pili hakupima kitu. Amekaa gizani akasikiliza sauti zote ambazo uso huo hutoa ukipigwa. Kanuni ya Selberg yasema kuwa daftari za mafundi hawa wawili, zikijumlishwa kwa namna inayostahili, hutoa jumla moja. Upande unaoweza kupimwa humwambia mtu habari za upande usioonekana.

Katika makundi mengi, hata hivyo, anga husika haina mwisho, na jumla za pande zote mbili hukua bila kikomo hata zisiwe na maana. Mkanada James Arthur, wa Chuo Kikuu cha Toronto, alianza katika miaka ya 1970 kuzipunguza jumla hizo kwa utaratibu na kusahihisha kilichokatwa, hadi kanuni ikaweza kutumika kwa makundi ya ukubwa wowote. Kazi hiyo ilimchukua miongo kadhaa, na sehemu kubwa ya matunda yake imo katika kitabu chake cha mwaka 2013.

6. Kulinganisha bila kuona

Nguvu ya Kanuni ya Unyayo huonekana zaidi inapotumika mara mbili, kwa makundi mawili tofauti. Mwaka 1970 Hervé Jacquet na Langlands walitoa kitabu ambamo walilinganisha kundi la majedwali ya mbili kwa mbili na kundi jingine linalojengwa kwa namba za aina ya pekee ambazo kuzidishana kwake hutegemea mpangilio. Ngeli za kundi la pili zililinganishwa na ngeli za kundi la kwanza, moja kwa moja. Pande za jiometria zilipolingana, pande za mitetemo nazo zikalazimika kulingana. Na kwa hiyo kila uwakilishi wa otomofiki wa kundi la pili ukapata mwenziwe katika kundi la kwanza. Hakuna aliyehitaji kuuona hata mmoja.

Njia hii si ngeni kwa wasomaji wa jarida hili. Mwanaisimu linganishi huweka Kiswahili, Kigikuyu na Kiganda kando kwa kando. Huona kuwa penye mtu pana mũndũ na omuntu, penye kitu pana kĩndũ na ekintu. Hana haja ya kumsikia msemaji yeyote wa lugha mama iliyozizaa. Ulinganifu wenye utaratibu unamtosha kudai uhusiano. Malcolm Guthrie alijenga juzuu nne za Comparative Bantu, zilizotoka kati ya 1967 na 1971, juu ya msingi wa ulinganifu wa aina hiyo. Tofauti ni kwamba mwanaisimu huridhika na ushahidi mwingi, ilhali mwanahisabati hudai usawa kamili.

Njia hii ina mtego wake, nao pia mwanaisimu anaujua. Kimvita hutofautisha t ya meno na t ya ufizi, na Kiunguja hakitofautishi. Anayelinganisha maneno kwa masikio ya Kiunguja peke yake atadhani sauti mbili ni moja. Katika makundi hutokea vivyo hivyo. Robo mzunguko wa kwenda kushoto na robo mzunguko wa kwenda kulia, katika kundi la majedwali ya namba halisi yanayohifadhi eneo na mwelekeo, ni ngeli mbili. Kundi hilo likipanuliwa liruhusu namba changamano, ngeli hizo huwa moja. Unyayo wa zote mbili ni 0, hivyo unyayo peke yake hauzitenganishi. Ili kulinganisha makundi bila kosa, lazima ijulikane ni tofauti zipi zimemezwa na wapi zimekwenda.

Langlands aliona kuwa tofauti hizo huhifadhiwa katika makundi madogo zaidi yanayoambatana na lile kubwa. Ili hesabu zikamilike palihitajika kuthibitisha usawa fulani baina ya jumla za kundi kubwa na za makundi madogo. Yeye na Diana Shelstad waliuandika usawa huo kwa ukamilifu mwaka 1987. Ulipewa jina la lema la msingi, na lema, kwa desturi ya wanahisabati, ni hoja ndogo ya kusaidia tu, inayothibitishwa njiani kabla ya kufika penyewe. Hoja hii ndogo ilisimamisha msafara kwa zaidi ya miaka ishirini. Aliyeivuka ni Ngô Bảo Châu, mzaliwa wa Hanoi, ambaye mwaka 2008 alitoa uthibitisho uliochotwa kutoka safu nyingine ya maandishi ya Weil, yaani jiometria. Mwaka 2010 alipewa Nishani ya Fields mjini Hyderabad, India.

7. Faida yake

Huenda msomaji akauliza kazi hii yote imeleta nini. Jibu mojawapo linajulikana hata nje ya hisabati, ingawa asili yake haitajwi sana. Karibu mwaka 1637 Pierre de Fermat alidai kuwa hakuna namba nzima chanya tatu zinazoweza kuutimiza mlinganyo aⁿ + bⁿ = cⁿ iwapo n ni kubwa kuliko 2. Dai hilo lilikaa bila uthibitisho kwa zaidi ya miaka 350.

Katika miaka ya 1980 Gerhard Frey alionyesha kuwa mtu akipata namba hizo tatu, ataweza kuunda mlinganyo wa jamii ya ule wetu wa y² + y = x³ − x², jamii inayoitwa ya eliptiki, lakini wenye tabia za ajabu; na Kenneth Ribet akathibitisha mwaka 1986 kuwa mlinganyo huo hauwezi kuwa na mwenziwe wa otomofiki. Ikabaki kuthibitisha kuwa milinganyo ya jamii hiyo lazima iwe na wenziwe. Hapo ndipo Mwingereza Andrew Wiles alipoingia. Alihitaji mahali pa kukanyagia kwanza, naye alipapata katika hesabu ya baki ya namba tasa 3, kwa kuwa kundi la majedwali ya mbili kwa mbili katika hesabu hiyo lina migeuzo 48 tu, nalo laweza kubomolewa hatua kwa hatua. Kwa makundi ya namna hiyo, kuwapo kwa mwenzi wa otomofiki kulikuwa kumekwisha thibitishwa na Langlands mwaka 1980 na Jerrold Tunnell mwaka 1981, na chombo alichotumia Langlands ni Kanuni ya Unyayo, kwa kulinganisha makundi mawili kama ilivyoelezwa.

Wiles alitangaza uthibitisho wake Cambridge mwezi Juni 1993. Ikaonekana una pengo. Akaliziba mwezi Septemba 1994 akisaidiwa na Richard Taylor. Na kazi ikachapishwa mwaka 1995. Ndivyo njia iliyoanza kwa kujumlisha mshazari wa jedwali ilivyofika kwa Fermat.

8. Suala la istilahi

Maelezo yaliyotangulia yametumia maneno machache ambayo hayamo katika matumizi ya kila siku ya wanahisabati wanaozungumza Kiswahili. Inafaa kuyatetea.

Neno unyayo ndilo la kwanza. Anayetafuta tafsiri ya neno la Kiingereza linalotumika hapa, kwa kufungua kamusi ya lugha mbili, hukuta dalili, alama, mabaki, au athari. La mwisho hili lina haki fulani, maana Waarabu wenyewe huita jumla ya mshazari athar. Lakini athari katika Kiswahili cha sasa limehama: hutaja matokeo, na mara nyingi madhara. Mwanafunzi atakayesikia athari ya jedwali atadhani anaulizwa jedwali limefanya nini. Neno la asili la Wajerumani ni Spur, ambalo maana yake ya kawaida ni wayo au njia iliyokanyagwa. Unyayo hurudisha maana hiyo, na pia husema kazi ya dhana: kumtambulisha asiyeonekana. Yaweza kupingwa kuwa wingi wake, nyayo, ulibeba siasa nchini Kenya baada ya mwaka 1978. Lakini istilahi huishi muda mrefu kuliko kaulimbiu, na wasasi walikuwa na neno hilo kabla ya zote mbili.

Neno ngeli ni la pili. Wapo watakaoona kuwa limekwisha chukuliwa na sarufi. Hata hivyo sayansi zote huazimana maneno, na hapa dhana zinakaribiana: kuainisha vitu kwa tabia yake katika mfumo, si kwa sura yake ya nje.

Neno otomofiki, kwa upande wake, limetoholewa, na imekusudiwa hivyo. Lingeweza kuundwa neno la asili lenye maana ya kurejea umbo lake, lakini Klein mwenyewe aliliunda la kwake kutokana na Kigiriki, na lugha nyingi zimelipokea kwa kulitohoa. Palipo na neno la kimataifa lisilo na picha ya kupoteza, kutohoa hakudhuru. Palipo na picha, kama katika unyayo, kutohoa huificha picha hiyo na kumwachia mwanafunzi sauti tupu.

Haifai kusahau kuwa wanahisabati wenyewe hawakuamini kuwa somo lao ni mali ya lugha moja. Langlands alikaa Ankara mwaka 1967 hadi 1968 na akajifunza Kituruki. Aliandika kwa Kiingereza sehemu kubwa ya kazi yake, lakini maandishi yake ya mwaka 1983 kuhusu kuisawazisha Kanuni ya Unyayo yako kwa Kifaransa, na makala yake moja maarufu ya mwaka 1979 ina kichwa kidogo cha Kijerumani chenye maana ya ngano. Hakuna aliyedai kuwa hisabati ilipungua kwa kuhama lugha.

9. Hitimisho

Kamusi aliyoiwaza Langlands mwaka 1967 haijakamilika. Sehemu yake inayohusu safu ya jiometria ilipiga hatua kubwa mwaka 2024, pale watafiti tisa wakiongozwa na Dennis Gaitsgory na Sam Raskin walipotoa uthibitisho wake. Safu ya namba zenyewe bado ina kurasa nyingi tupu, na Kanuni ya Unyayo inabaki kuwa miongoni mwa vyombo vinavyotegemewa katika kuzijaza.

Kuhusu Kiswahili, funzo ni la kazi zaidi kuliko la fahari. Orodha za istilahi zinazotungwa kwa kupitia faharasa ya kitabu cha Kiingereza, neno kwa neno, zitaendelea kutoa maneno ambayo hakuna mwalimu anayeyatumia, kwa sababu mtungaji hakuwa na haja ya kueleza chochote alipoyatunga. Ingefaa idara za lugha na idara za hisabati katika vyuo vyetu zikae pamoja, zichague dhana chache, na kuandika kwanza maelezo yake kamili kwa Kiswahili, pamoja na mifano inayoweza kuhesabiwa kwa kalamu. Maneno yatakayosalia baada ya maelezo hayo kusomwa na wanafunzi, na wanafunzi wakaelewa, ndiyo yanayostahili kuingizwa katika kamusi.